Mtangazaji Aliyekuwa Balozi

Mwalimu wa darasa, tafadhali andika ubaoni neno moja tu: BALOZI. Nanyi lisomeni pamoja, polepole: ba-lo-zi. Vema.

Wengi wenu mmelijua neno hili kwa balozi wa nyumba kumi. Yeye huchukua maneno ya majirani akayapeleka mbele, kisha huwaletea majibu. Balozi wa nchi hufanya kazi ya namna hiyo hiyo, ila nyumba zake ni nchi nzima. Mkuu wa nchi yake humpa barua ampelekee mkuu wa nchi ya pili. Barua hiyo huitwa hati ya utambulisho. Maana yake ni hii: mtu huyu akisema, ni sisi tunaosema.

Leo nataka kuzungumza nanyi juu ya balozi mmoja mwanamke, Bibi Amat Al-Alim Alsoswa wa Yemeni. Yemeni iko kusini ya Bara Arabu. Watu wa mwambao wetu wameijua tangu zamani, maana majahazi ya huko yalikuja kwa kaskazi na kurudi kwa kusi.

Hata jina lake linatufaa darasani. Amat maana yake ni mtumishi wa kike. Al-Alim ni jina la Mwenyezi Mungu, Mwenye kujua yote. Je, katika neno Alim hamsikii neno lingine? Ndiyo: elimu. Na mwalimu pia. Maneno hayo yametoka katika shina moja.

Bibi huyu alizaliwa mwaka 1958 katika Taiz, mji wa milimani. Alipokuwa mtoto wa miaka minne, Septemba 1962, utawala wa Maimamu uliangushwa, vita vikaanza, navyo havikwisha mpaka 1970. Wakati wa Maimamu shule zilikuwa chache, na za wasichana zilikuwa haba mno. Wanawake wengi sana hawakujua kusoma wala kuandika.

Sasa fikirini. Katika nchi ya namna hiyo gazeti huwafikia wachache. Lakini redio humfikia hata asiyejua herufi moja. Humkuta mama jikoni, humkuta mchungaji na mbuzi wake. Basi Bibi Amat Al-Alim, akiwa bado msichana, alianza kutangaza katika redio ya mji wake. Baadaye alikwenda Chuo Kikuu cha Cairo, Misri, kusomea mambo ya habari, akaendelea na masomo hayo Washington, Marekani. Aliporudi alitangaza katika televisheni, kisha akapanda hata akawa mmoja wa wakubwa wa Wizara ya Habari. Pia aliongoza kamati ya taifa ya wanawake.

Halafu serikali ikamtuma Uholanzi awe balozi. Alikuwa mwanamke wa kwanza wa Yemeni kupewa kazi hiyo.

Labda mtauliza: utangazaji na ubalozi vina uhusiano gani? Mtangazaji husoma maneno ambayo mara nyingi si yake, mbele ya watu asiowaona. Akikosea neno moja, watu wengi wamepotoshwa. Balozi naye ni hivyo hivyo. Hasemi kwa hasira zake wala kwa furaha zake. Husema kwa niaba ya wengine. Kwa hiyo kila mmoja wao hana budi kulipima neno kabla halijatoka kinywani, kwa maana likishatoka halirudi.

Lakini kusema kwa niaba ya serikali ni nusu ya kazi. Mwaka 2003 aliitwa nyumbani akawa Waziri wa Haki za Binadamu. Hapo kazi iligeuka. Jana alikuwa kinywa cha serikali kwa wageni. Leo alitakiwa awe sikio la raia, hata raia aliyekuja kuishtaki serikali hiyo hiyo. Kazi hiyo ni ngumu kuliko ile ya kwanza.

Tangu 2006 hata 2012 alikuwa mkurugenzi wa shughuli za nchi za Kiarabu katika Shirika la Maendeleo la Umoja wa Mataifa. Wakati wake, Desemba 2006, shirika hilo lilitoa ripoti juu ya wanawake wa nchi za Kiarabu, nayo ilitolewa Sana'a, mji mkuu wa Yemeni. Ripoti ilisema kwamba karibu nusu ya wanawake wa nchi hizo hawajui kusoma, na kwa wanaume ni kama theluthi moja. Ikasema tena kwamba nchi hizo haziwezi kuinuka ikiwa wanawake wameachwa chini.

Mwaka 2013 Wayemeni 565 walikutana Sana'a kushauriana juu ya nchi yao. Naye alikuwa mmoja wao. Walizungumza mpaka Januari 2014. Kwa bahati mbaya, mwaka huo huo watu wenye silaha waliuteka mji mkuu, na mwaka 2015 vita vikubwa vikaanza. Je, maneno yale yote yalipotea bure? Mimi sidhani. Vita vyote mwisho wake ni watu kukaa na kuzungumza, na siku hiyo watatakiwa wale wanaojua kusema na kusikiliza.

Sasa zungumzeni darasani:

1. Kwa nini redio ilikuwa na faida kubwa katika nchi yenye wasomaji wachache?
2. Kazi ipi ni ngumu zaidi, kusema kwa niaba ya watu au kuwasikiliza? Toeni sababu.
3. Kabla ya somo lijalo, kila mmoja amwendee jirani asiyekuja darasani. Amwulize sababu, asimkatize, asibishane naye. Kisha aandike maneno ya jirani huyo katika sentensi mbili, na aje kuyasoma mbele ya wenzake kama yalivyosemwa.

Siku hiyo nanyi mtakuwa mabalozi. Kwaherini.