Nyumba ya kredi: tuhesabu mpaka mwisho

Maneno yaliyotolewa kwenye mkutano wa wanachama, wiki moja mbele ya kura juu ya kredi ya nyumba. Tumeyaandika kwa ajili ya wale ambao hawakufika.

 

Komite iliniomba niseme kidogo juu ya lile jambo lililo mezani. Kooperative moja imekubali kuwapa wanachama 20 kredi ya kumalizia nyumba: dola 3,000 kila mtu, miezi 24, na sanduku letu la akiba liwe garanti. Kura ni Jumamosi ijayo. Mimi ni mfanyakazi wa shirika tu, sina kura hapa. Nimekuja tuhesabu pamoja, kisha ninyi mtaamua.

Hamu ya nyumba naielewa. Wengi wenu mlivuka ziwa mwaka 1996 na 1998, mkalala miaka na miaka chini ya shitingi kule Lugufu na Nyarugusu. Mmerudi, mmoja amekuta parseli yake ina mtu mwingine, mwingine amekuta ukuta umebaki magotini. Mtu aliyepita hapo, ukimwambia "chukua leo, utalipa polepole," hana nguvu ya kuuliza maswali mengi. Njo maana tuyaulize sasa, mbele ya kalamu kugusa karatasi.

Dola 3,000 ni bei gani?

Mkubwa wa kredi atakuambia: "Ni asilimia 3 tu kwa mwezi." Hilo "tu" tulifungue. Swali la kwanza: asilimia 3 ya nini?

Kuna hesabu mbili. Ya kwanza, interesi inahesabiwa juu ya zile dola 3,000 za mwanzo, toka mwezi wa kwanza mpaka wa mwisho. Kila mwezi ni dola 90 za interesi, hata kama umesharudisha nusu ya feza. Unaongeza dola 125 za kapitali, inakuwa dola 215 kwa mwezi. Mara miezi 24, ni dola 5,160. Umechukua 3,000, umerudisha 5,160. Interesi peke yake ni 2,160.

Ya pili, interesi inahesabiwa juu ya deni lililobaki tu. Deni likishuka, nayo inashuka. Kwa asilimia 3 ileile na miezi ileile, utalipa karibu dola 177 kwa mwezi, na mwisho karibu 4,250. Interesi ni karibu 1,250.

Mnaona? Asilimia ni moja, kredi ni moja, lakini kati ya hesabu hizi mbili kuna zaidi ya dola 900. Hizo ni mabati ya nyumba nzima kwa familia nyingine. Kwenye ofisi wanaita ya kwanza interesi konstanti, na ya pili interesi degresivu. Pendekezo tulilopewa ni la kwanza. Asilimia 3 ya namna hiyo, ukiigeuza kwa hesabu ya kushuka, ni karibu asilimia 5 kwa mwezi.

Hatujamaliza. Kuna feza ya dosie, asilimia 2, yaani dola 60. Kuna akiba ya lazima, asilimia 20, yaani dola 600, ambayo inafungwa mpaka siku ya mwisho. Basi mkononi mwako hazifiki 3,000, zinafika 2,340. Lakini interesi unalipa juu ya 3,000. Zile 600 utarudishiwa, ni kweli, lakini kwa miezi 24 umelipia interesi ya feza ambayo haikununua hata kilo moja ya misumari.

Sasa tugeuze hesabu. Mtu anayeweza kutoa dola 215 kila mwezi bila kukosa, akiziweka mwenyewe, baada ya miezi 14 ana dola 3,010. Hana deni na hana garanti kwa mtu. Kwa hiyo kredi hii inakuuzia nini? Inakuuzia kuingia ndani ya nyumba miezi 14 mapema. Bei ya hiyo miezi 14 ni dola 2,160. Kama unapanga nyumba kwa dola 30 kwa mwezi, kupanga miezi 14 ni dola 420. Bado unazidisha 1,740.

Mtu atasema: "Ndugu, feza ikikaa nyumbani inakwisha." Kweli kabisa. Mtoto anaugua, shemeji anafika, shule inaomba. Lakini njo kazi ya MUSO zetu: kuifunga feza mbali na mkono. Tusilipe dola 2,160 juu ya kukosa kufuli.

Dola, franga na ndakala

Kredi iko kwa dola. Wengi wenu mnapata franga. Mwanzo wa 2016 dola moja ilikuwa karibu franga 930. Mwisho wa 2017 ilifika karibu 1,600. Hiyo ni miezi 24, sawasawa na muda wa kredi yetu. Mtu aliyekuwa na deni la dola 215 kwa mwezi alianza na karibu franga 200,000, akamaliza na karibu 344,000. Hakuongeza deni, hakuchelewa, na bado mzigo uliongezeka kichwani mwake. Sisemi kwamba itakuwa hivyo tena. Nasema kontra haina mstari hata mmoja wa kukulinda ikiwa hivyo.

Tena kuna ziwa. Wamama wanaouza ndakala wananielewa. Siku za mwezi mpevu taa hazivuti samaki, mitumbwi inakaa pwani, na sokoni hakuna kitu. Mvua ikikosea, mihogo nayo inachelewa. Mapato yetu yanapanda na kushuka, lakini tarehe ya kulipa haishuki. Kila siku ya kuchelewa ina faini, na hiyo faini haikuingia katika zile 5,160.

Wenzetu walioko mbali

Hesabu hii haiko kwetu tu. Wadogo zetu waliotoka Nyarugusu wakapelekwa Marekani wanatuma picha: "Nimenunua nyumba!" Tunafurahi, na palepale tunaanza kumwomba feza kama tajiri. Hebu tuone yuko wapi.

Tuseme amekopa dola 200,000 kwa miaka 30, asilimia 7 kwa mwaka, hesabu ya kushuka. Analipa karibu dola 1,330 kila mwezi. Mwezi wa kwanza, dola 1,167 zinakwenda kwenye interesi, na dola 164 tu ndizo zinazopunguza deni. Baada ya miaka 5 amelipa karibu 79,800, lakini deni limeshuka 11,700 hivi. Akifika mwaka wa 30 atakuwa amelipa karibu 479,000. Nyumba moja ameilipa zaidi ya mara mbili, na hapo hatujahesabu kodi ya nyumba na bima.

Kama angechukua miaka 15 kwa asilimia ileile, angelipa karibu 1,798 kwa mwezi, na jumla karibu 323,600. Kuongeza karibu dola 470 kwa mwezi kunamwokolea zaidi ya dola 155,000. Juu ya nini? Kwa sababu interesi inakula muda. Muda mrefu unafanya malipo ya mwezi yaonekane madogo, lakini unafanya nyumba iwe ghali. Kule Marekani na hapa kwetu, sheria ya hesabu ni hiyohiyo. Muuzaji anakuonyesha mwezi mmoja. Wewe uliza miaka yote.

Nyumba haivuki ziwa

Kuna bei nyingine ambayo haiandikwi kwenye karatasi za banki, na sisi tunaijua kuliko watu wengi. Kama tukikimbia tena, Mungu apishe mbali, itakuwaje? Nyumba haivuki ziwa, lakini deni linavuka. Kontra niliyosoma haina kifungu cha vita wala cha kukimbia. Interesi inaendelea kuhesabiwa hata kama uko upande wa Kigoma.

Halafu kuna mambo ya parseli. Kufuatana na sheria ya tarehe 20 Julai 1973, ardhi ya Kongo ni ya Serikali. Sisi tunapewa haki ya kuitumia, na karatasi inayoshuhudia haki hiyo kwa nguvu ni sertifika ya kuandikisha. Rehani ya kweli, ile wanaita ipoteki, inasimama juu ya sertifika hiyo. Wengi wenu mna karatasi ya kununua iliyosainiwa na mashahidi na chefu, basi. Ndiyo sababu kooperative haikuomba nyumba zenu iwe garanti. Imeomba sanduku letu.

Na hapa wazee nisikilizeni vizuri. Kontra inasema wanachama 20 wanasimamiana. Watatu wakishindwa kulipa, zile dola 645 zao za kila mwezi zinaangukia wale 17 waliobaki. Karibu dola 38 zaidi kwa kila mmoja, juu ya 215 zake. Wakishindwa, sanduku linachukuliwa. Katika sanduku lile kuna feza za wajane ambao hawakuomba kredi yoyote. Kuna feza za matanga na za hospitali. Mtu ambaye hakuchukua hata dola moja anaweza kuilipia nyumba ya mwenzake.

Tuweke jumla. Kwa watu 20, interesi ni dola 43,200. Hizo zingemalizia nyumba nyingine 14 za dola 3,000.

Tufanye nini?

Sisemi kredi ni dhambi. Mama mwenye duka ambaye stoki inazunguka kila wiki, kredi fupi inaweza kumfaa, kwa sababu ile feza inazaa. Nyumba ya kulala haizai feza ya kulipa interesi. Kredi yake lazima ilipwe na mfuko mwingine, na kila mmoja wenu anajua mfuko wake.

Kama mkitaka kuendelea na kooperative, komite irudi kwao na maombi manne, kwa maandishi. Kwanza, interesi ihesabiwe juu ya deni lililobaki, na kila mwanachama apewe tablo ya malipo yenye kuonyesha kila mwezi interesi ngapi, kapitali ngapi, na jumla ya mwisho. Pili, mtu akipata feza mapema aruhusiwe kumaliza deni bila faini, na interesi ya miezi iliyobaki ifutwe. Tatu, kiwepo kifungu cha kusimamisha malipo kama watu wamekimbia. Nne, sanduku la akiba lisiwe garanti. Wakikataa hili la nne, kwa maoni yangu jibu ni hapana.

Na ninyi mnaosaini, mume na mke msome pamoja, msaini pamoja. Karatasi ikiwa kwa Kifaransa, mtu aisome kwa Kiswahili mbele ya wote, mstari kwa mstari. Mtu akikuharakisha usisome, simama, nenda nyumbani.

Njia nyingine ipo, na mnaijua. Jengeni kwa hatua. Msingi mwaka huu, kuta mwaka ujao, mabati baada ya mavuno. Wanachama 20 wakitoa dola 100 kwa mwezi, ni dola 2,000 kila mwezi. Familia moja inapata 2,000 kwa zamu, bila interesi, na baada ya miezi 20 wote wamepata. Kwa dola 2,000 hamtamaliza kila kitu, lakini mvua haitawanyeshea. Wa mwisho atangoja, ndiyo, kwa hiyo zamu ya kwanza iende kwa wajane na wenye watoto wadogo. Asiyeweza 100 aingie kundi la 30 au 50.

Kwa wafadhili nina neno moja. Msitutafutie kredi kubwa zaidi. Kama mnaweza, saidieni gharama za kupima parseli na kupata sertifika, kwa jina la mume na mke. Familia yenye karatasi hiyo inalala bila hofu ya kufukuzwa, na siku ikitaka kukopa, itakuwa na nguvu ya kujadiliana badala ya kupokea kila masharti.

Jumamosi mtapiga kura ninyi wenyewe. Nimeacha hesabu hizi zote kwa sekretere, kwa dola na kwa franga. Kila mtu apite azione, aje na kalamu yake, na kama kuna mahali nimekosea kujumlisha, anisahihishe mbele ya kura.