Kimya cha Nani?



Wahenga walinena kwamba kimya kingi kina mshindo mkuu, na tangu hapo kila asiyependa kusema huitumia methali hiyo kama mwavuli. Juma hili nataka tukipime kimya chenyewe. Si kazi rahisi redioni, maana hapa studio nikinyamaza sekunde kumi tu, fundi mitambo atagonga kioo akidhani nimezimia.

Wapo watu waliokifanya kimya kuwa msingi wa imani yao na wa shughuli zao zote. Ni Marafiki, madhehebu yaliyoanza Uingereza katikati ya karne ya 17 kwa mahubiri ya George Fox, na ambayo ulimwengu huyajua zaidi kwa jina la Quakers. Ibada yao ya asili haina kasisi, haina nyimbo wala mimbari. Watu huketi kimya. Atakayesukumwa moyoni husimama, akasema machache, akaketi, na kimya kikarudi. Huenda ikapita saa nzima asiseme mtu.

Linalonivutia mimi zaidi ni vikao vyao vya kuamua mambo. Hawapigi kura. Karani husikiliza, huandika kile anachoona kuwa ndio uamuzi wa wote, kisha huusoma palepale. Ambaye moyo wake umekataa husimama akasema, na neno la mtu mmoja laweza kuliahirisha jambo hadi kikao kijacho.

Msije mkaenda Kaimosi, magharibi mwa Kenya, mkitegemea kukuta kimya hicho. Wamarekani watatu walifungua misheni pale mwaka 1902, na leo Kenya ina Marafiki wengi kuliko nchi nyingine yoyote. Lakini misheni ile ilitoka katika tawi lenye wachungaji na tenzi, na ukipita Jumapili utaisikia kwaya toka barabarani. Nami siwalaumu.

Sasa vitazameni vikao vyetu wenyewe. Mwenyekiti hueleza, akatazama kulia, akatazama kushoto: "Hakuna swali? Basi tumekubaliana." Nimekaa katika mkutano wa wazazi ambapo mchango uliongezwa kwa njia hiyo hiyo. Ndani hakuna aliyefungua mdomo. Nje, chini ya mwembe, kila mtu akawa mwanasheria. Mama mmoja aliniambia, "Kaka, ningesema nini, na mtoto wangu yuko mikononi mwao?" Kimya chake kiliandikwa kwenye muhtasari kuwa ni ndiyo.

Wala msidhani Marafiki walisalimika na maradhi hayo. Mwaka 1688, huko Germantown karibu na Philadelphia, wanne kati yao waliandika waraka wa kupinga utumwa. Waliuliza kwa maneno mepesi kabisa: yupo kati yetu ambaye angependa kutendwa hivi? Kikao cha mwezi kikasema jambo ni zito mno, kikaupeleka waraka kwenye kikao cha robo mwaka. Nacho kikasema ni zito, kikaupeleka kwenye kikao cha mwaka. Kikao cha mwaka kikaona haifai kutoa uamuzi. Hakuna aliyesema kwamba utumwa ni halali; walinyamaza tu, na baadhi yao walikuwa na watumwa nyumbani. Waraka wenyewe ulisahauliwa hata ukaja kuonekana tena mwaka 1844.

Ndipo akatokea Benjamin Lay. Mtu mfupi, mwenye kibiongo, ambaye aliwahi kuishi Barbados na kuona kwa macho yake watumwa wanavyotendwa. Mwaka 1738 aliingia katika kikao cha mwaka huko Burlington, New Jersey, amejifunika joho. Ndani ya joho alificha upanga, na kitabu kilichotobolewa katikati, na ndani ya kitabu kibofu kilichojaa maji mekundu ya matunda. Akasimama, akawakemea wenye watumwa, akakichoma kitabu kwa upanga. Maji yale yakawarukia waliokaa karibu kama damu. Walimtoa nje mzobemzobe.

Watetezi wa Marafiki husema subira ndiyo iliyowawezesha kuamua kwa pamoja bila kugawanyika. Ni kweli kwamba mwishowe walitangulia wengi katika kuupinga utumwa. Lakini mimi nauliza, subira hiyo gharama yake aliilipa nani? Mwenye shamba alikaa benchini akisubiri moyo wake uguswe. Mtumwa wake alikuwa juani na jembe, wala hakuna karani aliyemsomea muhtasari ili aseme kama naye ameafiki.

Mwaka 1758 kikao cha mwaka cha Philadelphia, baada ya watu kama John Woolman, aliyekuwa fundi cherehani, kusimama na kusema, kiliamua kwamba wanunuzi na wauzaji wa watumwa wasishirikishwe tena katika vikao vya kuamua mambo. Lay alikuwa mzee, na habari hiyo ilimfikia akiwa hai. Alifariki mwaka uliofuata. Kumiliki mtumwa kulipigwa marufuku kwa Marafiki wa huko mwaka 1776, miaka 88 baada ya waraka wa Germantown.

Hadi juma lijalo, kwaherini.