MIKONO YETU BAADA YA KAZI

(Maneno aliyosema mjumbe wa mafundi wa gereji katika mkutano wa tawi)



Nimepewa dakika chache tu, maana wengi mna safari ya kwenda nyumbani. Habari yangu ni ya ngozi. Msicheke. Mafuta ya kujipaka si ya akina mama peke yao.

Mimi ni makanika. Kwa miaka mingi, kengele ya jioni ikilia, nilitia mikono katika mkebe wa petroli ili nitoe grisi. Hutoka upesi, kweli. Lakini petroli huondoa na mafuta ya ngozi yenyewe, na ngozi isiyo na mafuta hupasuka. Mwaka mmoja vidole vyangu vilipasuka hata nisiweze kushika spana, nikarudishwa nyumbani siku tisa bila mshahara. Tajiri alisema huo ni ugonjwa wangu wa nyumbani. Sikujua la kumjibu.

Ndugu wa mjengo wana taabu kupita sisi. Simiti mbichi huchoma ngozi, tena polepole, mtu asisikie mpaka jioni. Na mara nyingi mna kromiamu ndani yake. Mtu ambaye ngozi yake imekwisha kuikataa hupata ukurutu kila akiigusa tena. Simiti ikikurukia usingoje kengele, osha kwa maji mengi papo hapo.

Sasa mimi hufanya hivi. Nikifika, navua ovaroli nje, watoto wasiishike. Nachukua kijiko kimoja cha mafuta ya kupikia, nasugua mikono ingali mikavu mpaka grisi ilegee, napangusa kwa kitambaa, ndipo naosha kwa sabuni ya kipande na maji ya vuguvugu. Mchanga sitaki, sabuni ya unga sitaki. Nakausha mpaka katikati ya vidole, na ngozi ikiwa na unyevu kidogo napaka mafuta mazito yasiyo na manukato. Halafu naketi, miguu ndani ya beseni, wala nisiulizwe habari ya karo mpaka maji yapoe. Mama watoto amekwisha kuizoea sheria hiyo. Ni nusu saa tu, lakini usiku nalala, mikono haiwashi.

Lakini, ndugu, kwa nini grisi ya tajiri niitoe kwa sabuni yangu? Sheria ya Usalama na Afya Kazini ya mwaka 2007 yamtaka mwajiri aweke pahali pa kunawia pa kutosha, pa karibu na pasafi. Na sheria ya fidia ya mwaka uo huo yahesabu pia magonjwa yaletwayo na kazi. Basi ngozi ikiharibika, mwambie tajiri mapema, na daktari umweleze kazi yako, aiandike.

Kwetu sisi mfereji ni mmoja, watu arobaini. Katibu ana karatasi pale mlangoni. Kila mtu kabla ya kutoka aandike idara yake ina mifereji mingapi, na kama sabuni ipo. Jumatatu tutaipeleka ofisini.