Mdai Yuko Juu ya Mkarafuu



Mwenzangu mmoja husema shauri la madai likifutwa kwa mdai kutofika hakuna kilichoharibika. Asiyefika, hudai, ameshajibu: hana haja.

Siafiki. Itazameni Amri ya IX ya sheria ya India ya mwenendo wa madai ya 1908, mama wa Sura ya 8 yetu ya Zanzibar. Wasipofika wote wawili, shauri hufutwa, lakini mdai anaweza kufungua jipya, ukomo wa muda ukimruhusu. Akifika mdaiwa peke yake na kulikana dai, mlango huo hufungwa. Kilichobaki ni kuomba lirejeshwe, kwa sababu ya kutosha. Kutofika ni kule kule. Kinachozidisha adhabu ni kwamba hasimu wako alipata nafasi ya kuja. Hapo haja ya mdai imepimwa wapi?

Ami yangu alidai mikarafuu ya urithi. Hakimu safarini, hakimu semina, hakimu kahamishwa. Kila mara ami alirudi na tarehe mpya, imeandikwa kwa kalamu nyuma ya risiti, akaichomeka kwenye makuti juu ya kitanda chake. Siku shauri lilipoitwa kweli, msimu ulikuwa umepamba moto naye yuko mtini, shamba la watu, anachuma kwa pishi. Karafuu ikishachanua haina bei. Jina likaitwa mara tatu mlangoni, faili likafungwa. Sheria ina kanuni ya mdai asiyefika na ya mdaiwa asiyefika; ya hakimu asiyefika sijaiona.

Juu ya kufuta shauri lililocheleweshwa, kesi ninayoipenda ni Ivita dhidi ya Kyumbu, katika ripoti za sheria za Kenya za 1984. Haitufungi, na wanafunzi wangu wameichoka. Jaji Chesoni hakuishia kuuliza kama ucheleweshaji ni mrefu na hauna udhuru. Ukiwa mrefu, ukikosa udhuru, bado aliuliza: je, haki haiwezi kutendeka hata hivyo? Nimelisoma swali hilo mara nyingi na kila mara nasimama hapo. Uzembe umeshathibitika, na jaji bado hajanyanyua kalamu kufuta.

Nakubali, mafaili ni mengi. Mdaiwa naye ana haki: shamba lenye kesi haliuziki. Mdai anayekawiza makusudi afutiwe. Lakini kabla ya kufuta, ihesabiwe ndani ya faili kila ahirisho lilitokana na nani. Na Pemba, msimu wa karafuu, shauri lisifutwe kwa kutofika. Mwenzangu hucheka: basi na wavuvi nao watataka bamvua lao. Wapewe.

Mdaiwa wa ami alikuwepo mahakamani asubuhi ile, kavaa kanzu iliyopigwa pasi. Karafuu zake zilikuwa zinachumwa na vibarua.