Mwili Kwenye Runinga, Simulizi kwa Mwenyewe

Mwaka 1995 televisheni iliingia Nadroga, nchini Fiji, mahali ambapo mwili mnene ulikuwa ishara ya mtu kutunzwa vyema. Kufikia 1998, utafiti wa Anne Becker ulikuta asilimia 11.3 ya wasichana waliohojiwa wakijitapisha ili wapungue. Katika kundi lililohojiwa mwaka 1995 hakuwapo hata mmoja aliyefanya hivyo. Mengi yalikuwa yakibadilika Fiji wakati huo, kwa hiyo tusiitwike televisheni lawama yote. Lakini wasichana wenyewe walieleza kwamba walitamani kufanana na waigizaji waliowaona.

Kama skrini inaweza kumfanya msichana atamani mwili wa mwingine, inaweza pia kumsaidia kuukubali wake. Ndiyo maana filamu kama Embrace ya mwaka 2016, ambamo Taryn Brumfitt wa Australia anasimulia alivyouchukia mwili wake baada ya kuzaa, ina uzito. Wapo wanaosema ushuhuda wa mtu mmoja si sayansi, na kwamba kuanika mwili hadharani ni kukaribisha kejeli. La kwanza ni kweli, ila takwimu pekee hazimfariji msichana anayedhani yuko peke yake. La pili linategemea nani ana mamlaka juu ya picha: udhalilishaji huanza pale mtayarishaji anapokata maneno ya msimulizi na kubakiza tumbo lake. Watayarishaji wetu, mwonyesheni msimulizi kipindi kabla hakijarushwa, na akikataa kipande, kiondoeni.