Kiwanja Chenye Kesi

Msikilizaji, tangu barabara ya Dongo Kundu ifunguke, mtu anatoka Nairobi hadi Diani bila kuipanda feri ya Likoni. Madalali wa Ukunda hawalali. Leo nasema nawe unayetafuta ploti, na hasa ploti ambayo kesi yake iko mahakamani.

Kanuni ni hii: anayenunua ardhi kabla ya hukumu ananunua na kesi yake. Muuzaji akishinda, umenusurika. Akishindwa, hukumu inakufunga hata wewe ambaye hukuitwa kortini siku moja. Hatimiliki yenye jina lako yaweza kufutwa, na nyumba uliyoijenga ukaamriwa uibomoe.

Zamani kanuni hii tulikuwa nayo katika kifungu cha 52 cha sheria ya India ya mwaka 1882, iliyoletwa na mkoloni. Sheria hiyo ilifutwa mwaka 2012, ilipopitishwa Sheria ya Usajili wa Ardhi, na wako waliodhani kanuni imezikwa nayo. Mwaka 2015 Mahakama ya Rufaa ikasema ingali hai.

Sababu yake naikubali. Chukulia mzee wa Galu anayedai shamba la babu yake. Kama mshtakiwa angekuwa huru kuuza kesi ikiendelea, mzee angeshinda leo, kesho aambiwe aanze upya na mnunuzi, naye mnunuzi awe ameshamuuzia mwingine. Angekufa na karatasi za ushindi mkononi.

Ninalolipinga ni lingine. Unafanya sachi katika ofisi ya ardhi Kwale, cheti kinatoka safi. Kumbe kesi haijiandiki yenyewe kwenye rejista. Itaonekana tu kama mdai aliweka tahadhari, au mahakama ilitoa zuio na zuio likasajiliwa. Mdai asiye na wakili huenda hajui kwamba njia hiyo ipo. Basi unauziwa mbuzi kwenye gunia, tena gunia lililopigwa muhuri wa serikali.

Wala usitegemee kusema hukujua. Mwaka 2023, katika kesi ya Dina Management na Kaunti ya Mombasa, Mahakama ya Juu ilikataa kumlinda mnunuzi wa kiwanja cha ufuoni Nyali, kwa kuwa ardhi ile ilitolewa kinyume cha taratibu tangu mwanzo. Mzozo ule ulihusu chimbuko la hati, lakini mnunuzi wa Diani aufunge moyoni: hati peke yake si kinga.

Kwa hiyo usiishie kwenye sachi. Peleka namba ya ploti na jina la muuzaji kwenye masjala ya Mahakama ya Mazingira na Ardhi, Kwale, na Mombasa pia, kwani kesi za huku zilikuwa zikisikizwa huko. Kisha nenda shambani. Uliza minazi ile ni ya nani, nani analima, nani kazikwa pale. Muuzaji aandike katika mkataba kwamba hakuna kesi, na pesa zishikwe na wakili mpaka uhamisho ukamilike.

Na kama umeshanunua? Usingoje hukumu. Iombe mahakama ikuunganishe kwenye kesi, useme lako mwenyewe. Muuzaji aliyekuficha unaweza kumdai pesa zako na fidia, ukimpata.

Lakini mzigo huu usiwe wa mnunuzi peke yake. Huko huko India, sheria ilikotoka, jimbo la Bombay liliirekebisha mwaka 1939: anayetaka kesi yake imfunge mnunuzi lazima asajili taarifa ya kesi hiyo. Sisi twaweza kufanya wepesi zaidi. Kesi ya ardhi ikifunguliwa, karani wa mahakama apeleke namba ya ploti kwa msajili siku hiyo hiyo, bila kumtoza mdai hata shilingi. Mzee wa Galu atalindwa, na mnunuzi ataona kwa macho yake anachonunua. Wabunge wetu wa Matuga, Msambweni, Lunga Lunga na Kinango waupeleke mswada huo.