Nyumbani Amebaki Nani?

(Hotuba kwa akina mama wa kanisa na wanaharakati, Nakuru)



Mwanamke huambiwa achague: siasa au watoto. Hapa Nakuru tulikwisha kuona jibu. Mama Monica Wangu Wamwere hakuifuata siasa. Siasa ndiyo iliyomfuata. Mwanawe Koigi, aliyekuwa Mbunge wa Nakuru Kaskazini, alikamatwa mwaka 1990 akashtakiwa kwa uhaini, kosa ambalo adhabu yake ni kifo. Tarehe 28 Februari 1992 Mama Monica na wenzake, wengi wao wazee wa mashambani, walianza kususia chakula katika bustani ya Uhuru, Nairobi, wakidai wafungwa 52 wa kisiasa waachiliwe. Profesa Wangari Maathai, mama wa watoto watatu, alikuwa pamoja nao. Tarehe 3 Machi polisi waliwavamia kwa marungu na gesi ya kutoa machozi, na baadhi ya akina mama wakavua nguo kuwalaani. Baadaye walijihifadhi katika Kanisa Kuu la Watakatifu Wote, wakakaa humo karibu mwaka mzima. Koigi aliachiliwa Januari 1993.

Hayo twayasimulia kwa fahari, na ni haki yetu. Lakini katika mwaka ule, ni nani aliyekamua ng'ombe? Ni nani aliyepalilia mahindi na kuwapikia wajukuu? Mkulima yeyote wa Bahati au Njoro ajua kwamba ng'ombe hangoji haki ipatikane. Mama hawezi kulala kanisani miezi kumi bila binti, mkaza mwana au jirani kuubeba mzigo wake, na hao hatukuwapigia makofi.

Sitaki tumsifu mama kwa kuwaacha watoto na njaa. Wala sitaki abaki jikoni eti mwenye watoto hana la kusema. Wale waliokimbia Molo na Olenguruone mwaka 1992 wakiwa na watoto mgongoni hawakuulizwa kama waliitaka siasa.

Basi, wazee wangu, mnaitisha mikutano saa kumi na moja jioni, wakati wa kuwasha moto, kisha mnalalamika kwamba akina mama hawaji. Mkutano uwe baada ya ibada ya Jumapili, na wanaume wawili wakae na watoto nje. Mwenzetu akikamatwa, tujue jioni ile ile nani atalala kwake, nani atapeleka unga, nani atawapeleka watoto shule asubuhi.

Daftari la zamu liko mezani, karibu na mlango. Kufikia sasa majina yote yaliyomo ni ya wanawake.